Tungo la Pilipili

Wahenga waliuliza, na sijui kama yuko aliyewajibu: pilipili usiyoila yakuwashiani? Swali hilo nimelisikia tangu utotoni likielekezwa kwa wambea na wapekuzi wa mambo ya watu, na katika miaka yangu ya kusomesha nimelifafanua mbele ya watoto mara zisizo idadi. Sikudhani hata siku moja kuwa litanigeukia mimi mwenyewe, tena uzeeni, ndani ya uwanja wangu, kwa pilipili niliyokataa kuila karibu miaka mitatu na huku ikiniwasha kila siku ya Mungu.

Lilikuwa tungo moja. Lilining'inia juu ya mafiga katika jiko la marehemu mke wangu, jiko la makuti lililojitenga nyuma ya nyumba kama desturi yetu ya Msimbati. Alizifunga mwenyewe kwa ukindu, kikonyo kwa kikonyo, pilipili nyembamba zenye urefu wa kidole cha mtoto, akaliacha tungo lipate moshi. Wasomaji wa kurasa hizi ni watu wa mashairi, nao hawahitaji kukumbushwa kuwa kitenzi ni kile kile: mshairi hutunga, mvuvi hutunga samaki, msichana hutunga shanga. Mke wangu hakuandika beti hata moja katika maisha yake. Lakini nilipokuwa nikimtazama akipanga pilipili zile, ndefu na ndefu mwenziwe, fupi na fupi mwenziwe, nikimwona anatia vina.

Alifariki mwishoni mwa Aprili 2020, Ramadhani ikiwa imeandama siku chache tu. Binti yetu yuko Houston, Marekani. Ulikuwa mwezi ule ambao ndege za abiria kutoka nje zilikuwa zimesimamishwa nchini, na hata zisingesimamishwa, huko aliko nako watu walikuwa wamejifungia majumbani. Alizika kwa simu. Kijana mmoja wa jirani aliishika simu karibu na kaburi ili asikie dua, na upepo wa bahari ukala nusu ya maneno. Baada ya siku za matanga nilifunga mlango wa jiko kwa kipande cha kamba. Chai nikawa naipika barazani kwa jiko la mkaa, na chakula nikawa naletewa na mtoto wa nyumba ya tatu, kwa malipo ambayo mama yake huyaita zawadi.

Nieleze kidogo mahali penyewe, kwa ajili ya wale wanaoijua Mtwara kwa korosho tu. Msimbati ni ulimi wa mchanga na minazi. Upande mmoja ni bahari kuu, upande wa pili ni Ghuba ya Mnazi iliyotulia kama maji ya kwenye sinia, na kusini, baada ya mikoko, ndipo Ruvuma inapojitapika baharini na ng'ambo yake ni Msumbiji. Tangu mwaka 2000 sehemu hii ni hifadhi ya bahari. Chini ya miguu yetu kuna gesi iliyogunduliwa mwaka 1982, na tangu 2015 inasafiri kwa bomba hadi Dar es Salaam kuwasha taa za watu. Mimi napika kwa mkaa. Silalamiki, nasema tu kama mtu anavyosema kuwa mkazi wa pwani huenda akalala bila kitoweo.

Januari 2023 kilinifikia kifurushi. Alikileta mwanafunzi mmoja aliyekuwa akirudi likizo, maana posta ya mbali kama ile mtu haiamini kwa vitu vyenye harufu. Ndani mlikuwa na mifuko miwili ya pilipili kavu ambazo sijapata kuona mfano wake, na barua ya kurasa mbili kwa mkono wa binti yangu. Aina ya kwanza ilikuwa ndefu, nyekundu iliyoiva hadi kukaribia rangi ya damu ya mzee, na ganda lake laini linang'aa kama ngozi ya kiatu kilichopigwa dawa. Hiyo jina lake guajillo. Aina ya pili ilikuwa pana, nyeusi, imejikunja kama uso wa mtu anayelia, nayo huitwa ancho. Nilipoufungua mfuko wake nilipata harufu ya zabibu kavu na tumbaku. Nilishangaa. Maisha yangu yote pilipili nimeijua kwa ulimi na machozi, sikuwahi kuijua kwa pua.

Barua ilieleza namna ya kupika mchuzi mzito wa kuchovea, kama alivyofundishwa na jirani yake, mama wa Kimeksiko aliyetoka jimbo la Oaxaca. Pilipili sita za aina ya kwanza, mbili za aina ya pili. Zifutwe vumbi kwa kitambaa, zipasuliwe, mbegu na nyuzi zitolewe. Zibanikwe kwenye kikaango kikavu, kisha ziloweshwe katika maji ya moto hadi zilainike. Zisagwe pamoja na vitunguu saumu na nyanya vilivyobabuliwa motoni. Mchuzi uchujwe, kisha ukaangwe. Sikuona la ajabu hapo. Hata mimi nisiyejua kuchemsha yai niliweza kulifuata. Lakini mwishoni aliandika: “Huku huwa wanatia na aina ya tatu, ndogo na kali. Hiyo sikuileta kwa makusudi, Baba. Hizi mbili zina rangi na harufu, haziwashi. Ukali utie wa pilipili za Mama.”

Niliikunja barua nikairudisha ndani ya mfuko, na mfuko nikaufungia kabatini.

Nilikuwa nimekosea mwaka mmoja nyuma, nilipomtajia kwenye simu kuwa tungo la mama yake bado liko. Nilidhani nampa kitu cha kumliwaza. Kumbe mwenzangu alikichukua akakitafakari, na sasa ananirudishia kama hoja. Nilikasirika, sitaficha. Niliona kwamba mtu aliye mbali ni rahisi kwake kukata shauri juu ya vitu vilivyo karibu na mwingine. Pilipili za kununua zimejaa sokoni Mtwara, za kichaa, za mbuzi, za kila namna. Kwa nini ziwe zile?

(Hapa niseme neno kwa wasomaji wa visiwani. Rafiki yangu wa Unguja alipotutembelea zamani alitumwa sokoni na mke wangu, naye akaomba pilipili hoho akikusudia zinazowasha, kama mnavyoziita huko. Akapewa yale madude makubwa ya kijani yasiyo na ukali wowote, ambayo kwenu ni pilipili boga. Alirudi amenuna. Mke wangu alimchekea wiki nzima.)

Kwa majuma mawili nilifanya afanyavyo mwalimu mstaafu anapokwepa jambo, yaani nilisoma. Nilitaka kujua mgeni huyu kabatini mwangu ana asili gani, na nilichokumbushwa ni kwamba si mgeni. Pilipili zote tunazoziita zetu, ya kichaa, ya mbuzi, hata hoho, asili yake ni Amerika. Meksiko ilizilima maelfu ya miaka kabla Columbus hajavuka bahari mwaka 1492, na neno chile ni la watu wa huko, waliosema Kinahuatl. Vasco da Gama alipita kwenye pwani hii mwaka 1498, na katika karne iliyofuata merikebu za Wareno zikaieneza mbegu hiyo kutoka bandari hadi bandari. Jina ndilo lililokuwa limetangulia. Neno pilipili asili yake ni India, lilihusu viungo vingine kabisa, na ndiyo maana hadi leo tunayo pilipili manga ambayo si ndugu wa hii hata kwa mbali. Alipokuja mgeni anayewasha tukamvika kanzu ya mwenyeji. Wareno nao, kule Msumbiji, wakalichukua neno hilo kwetu, na leo piripiri imeandikwa juu ya milango ya mahoteli ya kuku duniani kote.

Mahindi, muhogo, nyanya, korosho, vyote ni vya kutoka ng'ambo hiyo hiyo. Ukitoa vilivyotoka Amerika, sahani ya Mmakonde inabaki na samaki, nazi na mtama. Lakini nasi kuna vilivyotoka upande huu vikaenda. Ufuta, ambao hapa Kusini ni zao la biashara, leo Meksiko wanausaga kwenye michuzi yao mikubwa ya sherehe. Ukwaju nao ni mti wa Afrika; Waarabu waliuita tende ya Kihindi, Wahispania wakalichukua jina hilo la Kiarabu, na watoto wa Meksiko hula peremende za ukwaju zilizopakwa pilipili na chumvi. Niliposoma hilo nilicheka peke yangu barazani, kwa kuwa sisi watoto wa Msimbati tulikuwa tukila vivyo hivyo, bila peremende.

Halafu sikucheka tena. Wahispania walikuwa na merikebu zilizokwenda baina ya Manila na Acapulco, tangu mwaka 1565 hadi 1815. Katika karne za mwanzo za safari hizo Wareno waliwachukua watu wa pwani ya Msumbiji wakawauza Goa, wengine wakauzwa mbele zaidi hadi Manila, na baadhi yao wakavushwa bahari kuu kwenda Meksiko wakiwa watumwa. Njia ya pilipili kuja na njia ya watu kwenda zilikuwa mikononi mwa wafanyabiashara wa aina moja. Mtu wa pwani hizi alifika Acapulco na akapewa chakula chenye pilipili. Je, aliijua? Kama alichukuliwa baada ya mbegu kufika kwao, basi ladha ile katika nchi ile huenda ndiyo pekee aliyoitambua. Sina njia ya kulithibitisha hilo, ila halikunitoka.

Nikaamua kupika. Lakini nilijiwekea hila: nitapika kwa zile mbili tu, bila ukali, nimwambie binti yangu nimemaliza.

Siku ile ya kwanza naomba nisiieleze kwa urefu. Barua ilisema pilipili zibanikwe; ilisema pia kuwa ni kwa muda wa kufumba na kufumbua, nami sentensi hiyo sikuitilia maanani. Niliziacha kikaangoni nikaenda kutafuta chumvi. Niliporudi zilikuwa zimegeuka makaa, na moshi wake si moshi wa kuni. Uliniingia kifuani kama mtu aliyetumwa. Nilikohoa hadi majirani wakaja wakidhani ninakata roho, na wao walipoingia barazani wakaanza kukohoa pia, tukawa kundi zima la watu wazima tunashikana mabega na kulia. Zilizobaki nzima nilizisaga kwa ubishi nikaonja. Zilikuwa chungu kama mwarobaini. Nusu ya kifurushi ilikwenda hivyo.

Baada ya siku nne alikuja shemeji yangu, dada mkubwa wa marehemu. Habari za moshi zilikuwa zimemfikia Mikindani, anakokaa na mwanawe.

Lazima niseme jambo juu ya shemeji, maana bila yeye tungo lile halina nasaba. Wao asili yao ni Kionga, upande wa pili wa Ruvuma, na lugha yao ya nyumbani ni Kimakwe. Kionga ni kile kipembe cha ardhi kusini ya mto ambacho Wajerumani walikishika, Wareno wakakiteka mwaka 1916, na mwaka 1919 wakubwa wa dunia wakawaidhinishia. Wazee wa mama mkwe wangu walilala chini ya bendera moja wakaamka chini ya nyingine bila kuhamisha hata kinu. Vita vya ukombozi vya Msumbiji vilipoanza, Septemba 1964, haikuchukua muda mrefu mama mkwe akavuka mto na wanawe wawili, na katika pindo la kanga yake alikuwa amefunga mbegu za pilipili. Hivyo ndivyo mke wangu alivyofika Msimbati, akiwa mtoto wa kubebwa. Baada ya uhuru wa mwaka 1975 dada mtu alirudi Kionga akaolewa huko. Mdogo alibaki, nami nikamwoa.

Kisha ikaja Machi 2021. Palma ilipovamiwa tarehe 24 ya mwezi ule, watu wa vijiji vya jirani hawakungoja kufikiwa. Shemeji alivuka mto kwa mtumbwi, usiku, kwa mara ya pili katika maisha yake na kwa sababu ile ile, na mara hii katika pindo la kanga mlikuwa na kitambulisho na simu isiyo na chaji. Hakufunga mbegu. Aliwahi kuniambia kuwa hilo humrudia anapokosa usingizi, kwamba mama yake alikuwa na akili ya kukumbuka na yeye hakuwa nayo. Nilimwambia mbegu si kitu mbele ya roho. Aliniitikia kwa heshima tu.

“Shikamoo, shemeji.”

“Marahaba. Nimesikia umetaka kuichoma Msimbati.”

Nilimpa barua ya binti yangu nikamsomea, maana macho yake hayaoni tena maandishi madogo. Nilipofika kwenye yale maneno ya mwisho alinyamaza kidogo, kisha akauliza tungo liko wapi. Nikamjibu liko mahali pake. Akasimama, akaenda moja kwa moja hadi mlango wa jiko, akaanza kuifungua kamba. Nilitaka kumzuia. Lakini ni jiko la mdogo wake, na mimi ni mwanamume. Kuna mlango ambao desturi inampa yeye haki ya kuufungua kabla yangu.

Ndani palikuwa na harufu ya majivu ya zamani. Tungo lilikuwa palepale, jekundu bado, ingawa wekundu wake ulikuwa umefifia. Shemeji alilitungua kwa mikono miwili kama mtu anayempokea mtoto, na papo hapo vumbi laini likammiminikia juu ya mikono, vumbi la rangi ya matofali. Akalisogeza mwangani. Kila pilipili ya tatu au ya nne ilikuwa na kitundu, duara kamili, kidogo kuliko kichwa cha pini. Alipoibonyeza moja ilivunjika, na ndani hamkuwa na kitu ila unga na kijidudu cha kahawia kilichoanza kutembea juu ya kidole chake bila wasiwasi.

“Uliwasha moto humu lini?”

“Tangu siku ile sijawasha.”

“Shemeji,” alisema, na sauti yake haikuwa ya kulaumu, ndiyo maana iliniuma zaidi, “sasa ulikuwa unamwekea nani?”

Moshi ndio ulinzi wa tungo, na hilo analijua kila mwanamke aliyelelewa kando ya mafiga. Pilipili ikitundikwa juu ya moto unaowaka kila siku, wadudu hawaisogelei. Meksiko wanalijua pia: wanayo pilipili inayokaushwa kwa moshi, chipotle, na jina lake hilo la Kinahuatl maana yake ndiyo hiyo, chile ya moshi. Mimi nilizima moto kwa heshima ya marehemu. Kwa miaka mitatu kasoro nilikuwa nimekaa mlangoni mwa jiko nikiwalinda wadudu wale wasisumbuliwe.

Tuliketi juu ya mkeka, na shemeji akaleta ungo. Tulizichambua moja moja. Nzima zilikuwa 61. Zilizoliwa hatukuzihesabu. Shemeji aliinua moja iliyo nzima, akaikwanyua ncha, akaigusisha kwenye ulimi na kufumba macho. Sikumwuliza kitu. Machozi yalimtoka, na uzuri wa pilipili ni kuwa mtu halazimiki kueleza machozi yake yametoka wapi.

Kisha alikata shauri, kwa sauti ya mtu aliyezoea kutii na kutiiwa jikoni. Hamsini na mbili zitolewe mbegu zote. Tisa ziingie kwenye mchuzi wa mtoto. Na moto uwashwe hapa hapa, kwenye mafiga, si huko barazani kwenye mkaa.

Niliuwasha mimi, kwa makumbi na vifuu vya nazi. Shemeji alibanika pilipili za Meksiko, na nilijifunza kwa kumtazama yale ambayo kalamu ya binti yangu haikuweza kunifunza. Hakuziacha hata nukta moja. Aliziweka, akazibana kwa kiganja cha mwiko, ganda likabadilika rangi na kutoa sauti ndogo kama mtu anayefungua midomo, naye akazigeuza na kuziondoa. Harufu iliyokuja haikuwa ya kukohoza. Ilikuwa ile ya zabibu na tumbaku, imetiwa joto. Tukaziloweka kwenye bakuli la maji ya moto na kuzifunika kwa kawa. Nyanya mbili na vitunguu saumu sita tukavibabua kwenye majivu hadi maganda yakaungua. Zile tisa za marehemu hatukuzibanika, kwa kuwa moshi zilikuwa wameshakula wa kutosha enzi za uhai wake.

Barua ilitaja mashine ya umeme. Shemeji alitaka kinu. Wameksiko wenyewe hapo zamani husaga kwenye kinu cha jiwe la volkano chenye miguu mitatu. Sisi mawe yetu ni ya matumbawe, hayafai kwa kazi hiyo, kwa hiyo tukatumia kinu cha mti kilichokuwa cha mama mkwe. Alitwanga kwa mchi mdogo, polepole, bila kupandisha mkono, kwani mtwangaji wa pilipili akipandisha mkono hupofuka. Kuchuja tulichujia kifumbu cha tui. Kilichopita kilikuwa uji mzito wa rangi ambayo sijapata kuiona jikoni kwetu, wekundu unaoelekea weusi, kama udongo wa Newala baada ya mvua.

Mafuta yaliposhika moto alimimina yote kwa mara moja. Uliruka, ukalalamika, ukatulia. Hapo ndipo nilipokumbuka kitu kutoka katika usomaji wangu nikamwambia, ili nami nionekane nina mchango: ukali wa pilipili hauyeyuki katika maji, unayeyuka katika mafuta, ndiyo maana mtu aliyewashwa akinywa maji huongeza balaa, na akinywa tui hupoa. Tena mbegu si kali kama watu wanavyodhani. Ukali uko katika nyama nyeupe inayozishikilia. Na ndege hawawashwi hata kidogo. Pilipili inawawasha wanyama wanaosaga mbegu kwa meno, na kuwaachia ndege wanaozimeza nzima na kuzidondosha mbali.

“Shore wanajua hayo siku nyingi,” alisema, akaendelea kukoroga.

Siki hatukuwa nayo, akatia ukwaju. Chumvi kidogo. Ulipopungua hadi mwiko ukaacha njia ndani yake, aliuepua.

Tuliula magharibi ilipokwisha, kwa changu wa kuchoma na muhogo wa kuchemsha. Nitasema nilivyouona, kwa kadiri lugha inavyoniruhusu. Mwanzo haukuwasha. Mwanzo ulikuwa mtamu wa kificho, na moshi, na uchachu wa ukwaju ukipita kando. Nilifikiri tisa hazikutosha. Nilikwisha kumeza na kuanza tonge la pili ndipo ulipokuja, kutoka nyuma ya koo, bila haraka, ule ukali ninaoujua tangu nilipokuwa bwana harusi. Ukali wa mtu anayekuacha umalize kusema ndipo akujibu. Niliweka tonge chini. Shemeji alinitazama, akasukuma bakuli la mchuzi karibu yangu, akageuza uso kuelekea baharini, akaniachia nafasi.

Usiku binti yangu alipiga simu. Aliuliza habari za afya, za mvua, za bei ya korosho, akazunguka kama paka. Mwisho akauliza: “Baba, umewasha?” Nikamwambia umewasha. Kimya kikawa kirefu, hata nikadhani mtandao umekatika. Kisha nikamsikia anapenga kamasi, huko Houston kukiwa bado ni mchana na yeye yuko kazini. Nikamwambia na yaliyobaki: juu ya wadudu, juu ya mlango. Hilo la mlango sikuwa nimepata kumwambia. Hakunilaumu pia. Siku hiyo watu wote walikuwa wameapa kutonilaumu.

Mbegu tulizipanda katikati ya Februari, kwenye makopo ya rangi yaliyotobolewa chini, mchanga na samadi nusu kwa nusu. Shemeji hakuwa na matumaini makubwa. Mbegu ya pilipili ya mwaka mmoja huota ndani ya majuma mawili. Ya miaka mitatu hujiamulia. Alikaa Msimbati muda wote huo, akiwasha moto wa mafiga kila alfajiri, na mimi nikawa nachota maji. Wiki ya pili haikuonekana kitu. Wiki ya tatu kopo moja lilichimbuliwa na kuku wa jirani, na tukawa na maneno na jirani ambayo sasa yamekwisha. Siku ya 24 niliona uzi wa kijani uliopinda, umebeba ganda la mbegu kichwani kama mchukuzi wa bandarini. Kufikia mwisho wa Machi, katika mbegu nyingi nisizoweza kuzihesabu, ilikuwa imeota miche 11.

Saba nilibaki nayo, na leo hii uzao wake uko katika viwanja zaidi ya kimoja hapa kijijini. Minne aliondoka nayo shemeji. Siku hiyo mvua ilikuwa inanyesha tangu alfajiri na barabara ya Madimba ilikuwa na madimbwi. Kondakta wa daladala alimwambia aweke makopo yake nyuma, pamoja na magunia. Alikataa. Alilipia kiti cha pili kwa pesa zake mwenyewe, akayapanga makopo mawili juu ya kiti na mawili akayapakata, akayafunika kwa pindo la kanga, na gari likaondoka.